Je, wajua kwa nini bingwa wa ishara alishauri taka za nyuklia zilindwe na "makuhani"?

Umefukia chini ya ardhi kitu kitakachobaki hatari kwa miaka 10,000. Utawaambiaje watu wa wakati huo wasichimbe hapo? Mwaka 1981 serikali ya Marekani iliunda kikosi cha wataalamu kulitafakari swali hilo. Aliyepewa upande wa mawasiliano alikuwa Thomas Sebeok, bingwa wa semiotiki, yaani taaluma ya ishara na jinsi zinavyobeba maana.

Nilipokutana na swali hili mara ya kwanza sikusita: chora fuvu. Lugha hufa, picha haifi, na nani asiyejua kwamba fuvu na mifupa miwili iliyopishana ni sumu? Nilikosea, ingawa sikukosea peke yangu. Mwanaastronomia Carl Sagan naye alilipigia debe fuvu hilohilo.

Fuvu limeshafanyiwa jaribio ambalo hakuna aliyelipanga. Mwaka 1971 Iraq iliagiza mbegu za ngano kutoka Mexico, zikiwa zimetiwa dawa ya zebaki ya kuua kuvu. Zilikuwa za kupanda, si za kula. Onyo kwenye magunia liliandikwa kwa Kihispania na Kiingereza, na alama ya fuvu haikuwaambia chochote wakulima waliozipokea. Mbegu zilipakwa rangi nyekundu. Watu wakaziosha, rangi ikatoka, wakaamini sumu nayo imetoka. Wakasaga, wakaoka mikate. Waliofia hospitalini peke yao walihesabiwa 459.

Maana fuvu halisemi "sumu". Linasema "fuvu" tu. Mengine tumelijazia sisi. Katika michoro ya kale ya Kikristo, fuvu chini ya msalaba ni la Adamu. Na huko Mexico, ngano ilikotoka, mafuvu ya sukari ni peremende za sikukuu ya wafu.

Basi tuchore kisa kizima? Picha ya kwanza mtu mzima wa afya anachimba, ya pili anaugua, ya tatu amelala chini. Mpe anayesoma kutoka kulia kwenda kushoto: maiti anainuka, anapata nafuu, anaondoka na koleo lake. Umemtangazia chemchemi ya uponyaji. Hata ile alama rasmi ya mionzi yenye mapanga matatu, iliyobuniwa Berkeley mwaka 1946, asiyeifahamu huiona pangaboi. Ndiyo maana mwaka 2007 ilibuniwa nyingine ya kuisaidia, na ndani yake, nakiri kwa furaha, kuna fuvu.

Sebeok alizaliwa Budapest mwaka 1920, akahamia Marekani 1937, na kuanzia 1943 akawa katika Chuo Kikuu cha Indiana. Alianza na lugha za jamii ya Kihungari na Kifini, akaishia kwenye ishara za wanyama, taaluma ambayo yeye ndiye aliyeipa jina mwaka 1963. Alihariri jarida la Semiotica tangu lilipoanza mwaka 1969, na alifariki 2001. Ripoti yake ya taka za nyuklia ilitoka mwaka 1984.

Jibu lake ndilo lililonivutia: usimwandikie mtu wa miaka 10,000 ijayo. Hiyo ni takriban vizazi 300, na humjui. Andikia vizazi vitatu tu: watoto, wajukuu na vitukuu. Vilembwe si kazi yako. Ila ndani ya ujumbe weka agizo la pili: maneno haya yakianza kuwa magumu kueleweka, yaandikeni upya kwa lugha yenu, na agizo hili mlirudie.

Fikiria paa la makuti. Nyumba inaweza kukaa na paa la aina hiyo miaka mia, lakini hakuna kuti hata moja lenye umri huo. Kinachodumu ni mazoea ya kuezua na kuezeka. Sebeok hakutafuta kuti lisilooza. Alitaka kila fundi amwachie mwenzake makuti pamoja na kazi. Mkono mmoja ukilegea, mvua inaingia.

Hapo ndipo anapohitajika msimamizi, na ndipo jina la "ukuhani wa atomu" lilipoingia. Nilidhani alikuwa anaanzisha dini. La: alikusudia jopo la wanafizikia, wataalamu wa magonjwa ya mionzi, wanaanthropolojia, wanaisimu na wengineo, linalojijaza lenyewe wanachama wanapoondoka. Kwa umma mpana, jopo hilo lingeeneza hadithi na mila za kuogofya ili watu wapaepuke mahali pale bila kujua sayansi yake. Sebeok alikiri kwamba hakuna hakikisho la vizazi vijavyo kutii. Nami naona mwiko huvuta wadadisi kama unavyofukuza waoga, na kundi linaloshika siri ya kutisha huweza kuipenda kuliko inavyofaa.

Huko New Mexico, jimbo la Marekani, taka za nyuklia zimekuwa zikizikwa tangu 1999 kwenye miamba ya chumvi, mita zipatazo 650 chini. Wataalamu walioshughulikia alama zake mapema miaka ya 1990 walishauri maonyo yachongwe kwa lugha sita za Umoja wa Mataifa pamoja na Kinavajo, lugha ya wenyeji wa asili wa eneo hilo, na kando yake iachwe nafasi tupu ya kuongezea lugha nyingine.