Kyu shiti: karatasi inayoamua mrabaha wa mtunzi wa muziki wa filamu

Kyu shiti (kwa Kiingereza cue sheet) ni orodha ya kila kipande cha muziki kinachosikika ndani ya filamu au kipindi cha televisheni, hata kile cha sekunde tano. Ada ya kutunga hulipwa mara moja ikaisha. Mrabaha, yaani malipo ya kila muziki unapotumika hadharani, unaweza kuendelea kuingia kwa miaka, ila hufuata kilichoandikwa kwenye karatasi hii.

Marekani, mtunzi kwa kawaida husaini kwamba kazi ni mali ya studio. Hakimiliki imekwenda, kinachombakia ni fungu la mtunzi, yaani nusu ya mrabaha wa utangazaji. Nusu ya pili ni ya mchapishaji, ambaye mara nyingi ni kampuni ya studio hiyohiyo. Vyama vya kukusanya mrabaha, kama ASCAP na BMI, hugawa fedha kwa kusoma kyu shiti. Majumba ya sinema ya huko hayalipi mrabaha huu, msimamo uliotokana na kesi ya 1948, hivyo tegemeo ni televisheni, intaneti na nchi za nje. Ufaransa na Uingereza, sinema hulipa.

Tuchukue mstari mmoja wa mfano: 3M2, “Mlango wa Nyuma”, 0:47, ala tupu, chinichini. 3M2 ni kipande cha pili katika rili (sehemu ya filamu) ya tatu. Kisha hufuata jina la mtunzi, chama chake, namba yake ya IPI (namba ya kimataifa ya kumtambulisha mtunzi) na asilimia yake ya mgawo, halafu mchapishaji. Neno “chinichini”, yaani muziki ambao wahusika hawausikii, lisipuuzwe. Muziki unaotoka kwenye redio ya mhusika, au bendi inayoonekana ikipiga, huandikwa kwa alama nyingine, na vyama vingi huupa uzito tofauti.

Kosa linaloumiza zaidi ni muda. Mtunzi amerekodi 1:30, siku ya kuchanganya sauti mwongozaji anakata hadi 0:50, au anakirudia kipande mahali pasipopangwa. Ndiyo maana muda hupimwa kwenye mchanganyo wa mwisho, si kwenye faili za mtunzi. Mhariri wa muziki huandaa, mtayarishaji hupeleka kwenye vyama. Asipopeleka, hakuna malipo. Jina lililofupishwa nalo hupoteza fedha, kwani watunzi wenye majina yanayofanana ni wengi. IPI huwatenganisha.

Mfululizo wa vipindi 10 unahitaji kyu shiti 10. Waliotunga wawili wakubaliane asilimia kabla ya kurekodi, na mkataba umpe mtunzi haki ya kuiona karatasi kabla haijapelekwa.