Dhahabu ya Wareno haimo kwenye magofu ya Kilwa

Taarifa za watu kuchimba usiku katika magofu ya Kilwa Kisiwani zinaongezeka. Wakiulizwa, jibu ni lilelile: Wareno walifukia dhahabu. Tunaamini wengi hawana nia mbaya, lakini kabla ya kushika sururu wamjue Francisco de Almeida, kamanda Mreno aliyeiteka Kilwa.

Hakuwa haramia. Alikuwa mtoto wa ukoo mkubwa, aliyepigana vita vya Granada, Hispania. Mwaka 1505 Mfalme Manuel wa Ureno alimpa uongozi wa Wareno mashariki kwa miaka mitatu, baada ya mteule wa kwanza, Tristão da Cunha, kupofuka kwa muda. Aling'oa nanga Lisbon akiwa na maagizo marefu ya kimaandishi, ikiwemo kujenga ngome Kilwa kwa ajili ya dhahabu ya Sofala, bandari iliyo Msumbiji ya leo.

Julai aliiteka Kilwa. Mtawala wake, Amir Ibrahim, alikimbia, Muhammad Ankoni akatawazwa badala yake, ngome ikaanza kujengwa. Agosti ikawa zamu ya Mombasa: askari walivunja milango kwa mashoka, na zulia moja lisilo na mfano likapelekwa kwa mfalme. Tunajua hayo kwa sababu aliyekuwemo safarini aliyaandika. Mali ilipakiwa merikebuni, jamani. Nani afukie cha mfalme? Ngome yenyewe Wareno waliiacha mwaka 1512, na Gereza, ile ngome mnayoichokonoa leo, kwa sehemu kubwa ni kazi ya Waomani.

Wala Almeida hakurudi kufukua chochote. Mwanawe Lourenço aliuawa Chaul, pwani ya India, mwaka 1508. Mrithi wake, Afonso de Albuquerque, alipofika na barua ya mfalme, Almeida aligoma kukabidhi ofisi, akalipiza kisasi cha mwanawe huko Diu, pia India, Februari 1509, kisha akamweka mrithi huyo kizuizini. Alikabidhi mwishoni mwa mwaka huo. Tarehe 1 Machi 1510, akiwa njiani kurudi kwao, aliuawa na Wakhoikhoi, wenyeji wa huko, karibu na ilipo Cape Town ya leo.

Sasa utaratibu. Chini ya Sheria ya Mambo ya Kale ya 1964, kuchimba kunahitaji leseni; ruhusa ya mdomo ya mwenyekiti wa kijiji si leseni, wala ya mganga. Kuharibu au kuhamisha mabaki ni kosa pia, hata kama ni jiwe moja la matumbawe la kujengea banda. Adhabu ni pamoja na faini na kifungo. Ukikuta sarafu au kigae shambani, usikisugue wala kukiosha. Kiache kilipo, weka alama, kisha toa taarifa ofisi ya serikali iliyo karibu.