Je, wajua kwa nini azalia inageuka manjano hata kwenye udongo uliojaa chuma?

Majani machanga ya azalia au rododendroni (vichaka vya maua) yakiwa manjano huku mishipa yake imebaki kijani, utaambiwa udongo hauna madini ya chuma, basi fukia misumari pale shinani. Jamani, hiyo misumari haisaidii. Mara nyingi udongo wenyewe una chuma tele, na msumari ukioza unatoa kutu, na kutu ni chuma kilekile ambacho mmea umeshindwa kukitumia tangu mwanzo.

Tatizo ni asidi kupungua kwenye udongo. Mimea hii miwili ni jamii moja na inataka udongo wa pH kama 4.5 hadi 6 (pH ni kipimo cha asidi, namba ikipanda asidi imepungua). Mzizi hauli kitu kigumu, unachukua kilichoyeyuka majini tu, sasa pH ikipanda chuma kinaganda, tena kwa kasi ya kushangaza kweli, pH ikiongezeka namba 1 tu chuma kinachoweza kuyeyuka kinapungua karibu mara 1,000! Ni sawa na ghala lililojaa nafaka halafu limepigwa kufuli, hata ukirundika magunia mengine ndani wenye njaa watalala njaa, kinachotakiwa ni ufunguo na ufunguo hapa ni asidi.

Kwa nini majani machanga ndo yanaanza? Kwa sababu chuma kikishaingia kwenye jani la zamani hakihami kirahisi. Yakianza kugeuka manjano yale ya chini, makuukuu, hiyo ni habari nyingine, labda naitrojeni au magnesi, au yamezeeka tu.

Pima pH kwanza, maana hata udongo unaotuamisha maji unaleta dalili hizohizo, mizizi inakosa hewa. Kama pH iko juu, angalia chokaa inayoipandisha inatoka wapi, mara nyingi ni ukuta wa saruji au maji magumu (yenye chokaa) ya kumwagilia. Mwagilia maji ya mvua. Salfa ya unga inashusha pH ila bakteria ndo wanaigeuza asidi, kwa hiyo ni kazi ya miezi. Masimbi ya kahawa na majani ya msonobari ni matandazo mazuri lakini pH hayaishushi kihivyo. Na usilime karibu na shina, mizizi yake ni myembamba na iko juujuu. Ukitaka kujua kama imepona usiangalie majani yaliyokwisha kuwa manjano, angalia machipukizi mapya.