Je, wajua kwa nini Warusi waliona pete tano usiku ambao dunia iliona nne?

Usiku wa tarehe 7 Februari 2014, ndani ya Uwanja wa Fisht mjini Sochi, Urusi, kwenye sherehe ya ufunguzi wa Michezo ya Olimpiki ya Majira ya Baridi, chembe tano kubwa za theluji zilizoundwa kwa vyuma na taa zilikuwa zikining'inia juu ya uwanja, tayari kufunguka ziwe pete tano za Olimpiki. Nne zikafunguka. Ya tano, ile ya juu upande wa kulia, ikabaki imejikunja vilevile ilivyokuja. Waliokuwa uwanjani waliona hivyo, na watazamaji wa nchi nyingine wakaona hivyo. Lakini Mrusi aliyekuwa sebuleni kwake akifuatilia televisheni ya taifa aliona pete tano kamili, fataki zikiwaka kuzizunguka, kana kwamba hakuna kilichoharibika.

Jibu fupi ni kwamba Warusi walionyeshwa picha za mazoezi. Aliyeagiza ziwekwe ni Konstantin Ernst, mtayarishaji wa filamu na televisheni aliyekuwa kiongozi wa ubunifu wa sherehe ile. Namna jambo hilo lilivyowezekana, na kwa nini liliwezekana kwake yeye hasa, ndiyo habari yenyewe. Ila kabla ya kufika huko kuna uvumi wa kuondoa njiani, maana tukio hili limebeba uvumi mwingi kuliko ukweli wake.

Uvumi wa kwanza, na ndio unaosadikiwa kuliko yote, ni kwamba Ikulu ya Urusi iliamuru wananchi wafichwe aibu, na siri ikaja kufichuliwa na waandishi wa nje. Haikuwa hivyo. Ernst aliwaambia waandishi wa habari mwenyewe, baada ya sherehe, kwamba alipoona chembe ile imekwama aliwaambia walioko chumba cha kuongozea matangazo wahamie kwenye picha za mazoezi. Aliiita siri iliyo wazi, akasema ni upuuzi kuikumbuka sherehe nzima kwa ajili ya pete moja. Kwa maelezo yake, kilichokuwa muhimu ni kuihifadhi alama ya Olimpiki katika macho ya watazamaji. George Tsypin, msanifu wa jukwaa, alieleza kwamba hitilafu ilitokana na amri isiyo sahihi iliyotolewa na mmoja wa waendeshaji wa jukwaa. Maneno haya ni ya wahusika wenyewe, kwa hiyo ni haki kuyapima kabla ya kuyameza. Hata hivyo yanalingana na muda: ubadilishaji wa picha ulifanyika ndani ya sekunde chache, na amri ya kupanda ngazi za serikali hadi juu kisha kushuka tena isingeweza kufika kwa kasi hiyo. Huu ulikuwa uamuzi wa mtu aliye kazini, macho yake yakiwa kwenye skrini.

Uvumi wa pili ni mzito zaidi: kwamba fundi aliyehusika na pete ile alikutwa amekufa siku chache baadaye. Hadi leo kuna watu wanaousimulia kwa uhakika kabisa. Chanzo chake ni tovuti ya Marekani iliyokuwa ikitunga habari za kuchekesha kwa sura ya habari za kweli, na hata jina la marehemu lilikuwa la kubuni. Habari ikasambaa mitandaoni bila jina la tovuti, na ilipokatika kamba hiyo ikageuka kuwa kweli. Watu waliiamini kwa sababu ilifanana na picha waliyokuwa nayo tayari kuhusu Urusi, na kufanana si ushahidi.

Uko na wa tatu: eti iliyogoma ni pete ya Amerika, kwa hiyo Warusi walikuwa wanatuma ujumbe. Katika bendera ya Olimpiki pete ya juu kulia ni nyekundu, na wengi tulifundishwa kwamba nyekundu ni Amerika. Pierre de Coubertin, aliyeibuni alama hiyo mwaka 1913, hakugawa pete kwa mabara namna hiyo. Pete tano kwa pamoja ni mabara matano. Rangi zake, ukijumlisha na weupe wa kitambaa, zilichaguliwa kwa sababu zilitosha kuunda bendera za mataifa yote ya wakati ule. Na kama nia ingekuwa kuitumia Amerika ujumbe, kwa nini ujumbe wenyewe ufichwe usionekane na Warusi?

Sasa tuje kwenye ufundi wenyewe. Unawezaje kuingiza picha ya siku nyingine katikati ya matangazo ya moja kwa moja bila muziki kuruka, bila mtazamaji kushtuka?

Sherehe kubwa za aina hii zinaendeshwa na saa moja ya kielektroniki. Muziki umerekodiwa kabla, na kila sekunde ya muziki ina namba yake. Taa zinasoma namba hizo, mashine zinazoinua mapambo zinazisoma, fataki zinazisoma, hata mpangilio wa kamera unazifuata. Mazoezi ya mwisho hufanywa kwa mavazi kamili na taa zote, nayo hurekodiwa kwa saa ileile. Chukua simu mbili, ziweke pamoja, kisha uanzishe wimbo uleule wa taarabu kwenye zote mbili kwa wakati mmoja. Moja ipaze sauti, nyingine iwe kimya. Wimbo ukiwa katikati, nyamazisha ya kwanza na upaze ya pili. Anayecheza hatapoteza hata hatua moja, kwa sababu simu ya pili haikuanza upya: ilikuwa inaimba muda wote, ila husikii. Rudisha ya kwanza baada ya nusu dakika, na bado hakuna atakayejua. Kanda ya mazoezi pale Sochi ilitumika kama simu ya pili.

Kipande chenyewe nacho kilirahisisha mambo. Uwanja ulikuwa gizani, kamera zimeelekezwa juu, na katika fremu hakukuwa na nyuso za watu ambazo mtu angezilinganisha na za dakika iliyotangulia. Ingekuwa gwaride la wanamichezo, hila hiyo isingefua dafu.

Lakini ufundi peke yake hautoshi kueleza. Picha inayokwenda duniani kutoka Michezo ya Olimpiki hutengenezwa na chombo cha matangazo cha Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki, na kila nchi hupokea kutoka hapo, huku kituo cha taifa kikiwa na nafasi ya kuongeza vyake. Ndiyo maana picha za dunia zilibaki na pete nne. Ili pete ya tano ipatikane nyumbani Urusi, alihitajika mtu ambaye sauti yake inasikika uwanjani na kwenye chumba cha matangazo ya taifa pia. Na Ernst alikuwa nazo kofia zote mbili: mwandaaji wa sherehe, na mkurugenzi mkuu wa Channel One, kituo kikuu cha televisheni cha Urusi.

Alifikaje hapo? Alizaliwa Moscow mwaka 1961, mtoto wa Lev Ernst, mwanasayansi wa jenetiki ya mifugo, na yeye mwenyewe akasomea baiolojia Leningrad. Mwishoni mwa miaka ya 1980 akaiacha maabara na kujiunga na Vzglyad, kipindi cha vijana kilichotikisa televisheni ya Kisovyeti wakati wa mageuzi. Kisha akawa na kipindi chake, Matador. Vladislav Listyev, aliyetokana na Vzglyad na kuteuliwa kukiongoza kituo kipya cha ORT, aliuawa kwa risasi tarehe 1 Machi 1995 mlangoni mwa jengo alimoishi. Mwaka huohuo Ernst akawa mtayarishaji mkuu wa kituo hicho, na mwaka 1999 mkurugenzi mkuu. ORT ndiyo iliyobadili jina mwaka 2002 na kuwa Channel One.

Kwenye sinema jina lake lilipaa mwaka 2004 na Night Watch, filamu ya wachawi na wanyonya damu wa Moscow iliyotokana na riwaya ya Sergei Lukyanenko, ikaongozwa na Timur Bekmambetov, na Ernst akaitayarisha pamoja na Anatoly Maximov. Iliingiza zaidi ya dola milioni 16 nchini Urusi, kiasi ambacho filamu ya Kirusi haikuwa imewahi kukifikia katika soko jipya la baada ya Usovyeti. Sifa ni ya waliotengeneza filamu, lakini pia kituo kilichoigharimia ndicho kilichoitangaza mchana na usiku hadi kila nyumba ikaijua. Mwenye picha na mwenye mnara wa kuirushia picha walikuwa mtu yuleyule. Miaka kumi baadaye, Sochi, mpangilio huo ndio uliofanya kazi ndani ya sekunde chache.

Kuna jambo moja linalonivutia kuliko yote katika usiku ule. Nchini Marekani, televisheni ya NBC haikuirusha sherehe hiyo ikiwa inaendelea. Iliirekodi na kuionyesha saa kadhaa baadaye, jioni ya huko, pete nne zikiwa vilevile. Kwa hiyo Mmarekani aliyetazama kitu cha zamani aliona kilichotokea, na Mrusi aliyetazama moja kwa moja aliona kilichotokea siku nyingine.

Tarehe 23 Februari, kwenye sherehe ya kufunga, wachezaji waliovaa mavazi yanayometameta walijipanga uwanjani kuunda pete. Nne zikafunguka, kundi la tano likabaki limejikusanya makusudi, uwanja ukalipuka kwa kicheko, kisha nalo likafunguka. Vancouver, Kanada, kwenye Olimpiki ya Majira ya Baridi iliyotangulia, walikuwa wamefanya kama hivyo mwaka 2010, baada ya nguzo moja ya mwenge kugoma kuinuka siku ya ufunguzi: siku ya kufunga alitokea mchekeshaji akajifanya fundi na kuivuta juu. Safari hii Warusi nao waliona. Kwa aliyekuwa ametegemea televisheni ya taifa peke yake, kichekesho kile kilihusu hitilafu ambayo hakuwahi kuonyeshwa.

Kituo kile cha Ernst kilirudi kwenye habari za dunia tarehe 14 Machi 2022. Marina Ovsyannikova, mhariri wa Channel One, aliingia studio wakati taarifa ya habari ya usiku, Vremya, iko hewani, akasimama nyuma ya msomaji na bango la kupinga vita nchini Ukraine. Ernst alikuwa bado mkurugenzi mkuu. Baada ya sekunde chache kituo kikahamia kwenye taarifa iliyokuwa imerekodiwa. Sekunde hizo chache zilishaonekana, na kabla ya usiku kwisha zilikuwa zimezunguka dunia nzima kwenye simu.