Pierogi za kabichi na uyoga: kazi kubwa ni kuyaondoa maji

Wengi wanaopika pierogi, yaani vile vifuko vya Kipolandi vya donge la unga vinavyojazwa mboga na kuchemshwa, nyumbani kwa mara ya kwanza hulilaumu donge, wakisema kwamba lilikuwa gumu, lilipasuka au lilikataa kushikana. Mimi ninazipika kila siku katika jiko la mkahawa mjini Kraków, Polandi, na kwa maoni yangu donge hubebeshwa lawama isiyo yake, kwani ni unga wa ngano, maji, chumvi na mafuta kidogo tu, na yeyote anayejua kusukuma chapati tayari ana mikono inayohitajika. Kinachoziharibu mara nyingi ni maji yaliyobaki ndani ya mboga, na katika mboga za majira ya baridi hakuna inayoficha maji kama kabichi iliyochachushwa.

Mchanganyiko huu wa kabichi na uyoga mkavu ulizaliwa na hali ya hewa ya Polandi. Kabichi huvunwa kabla baridi haijakaza, ikakatwa nyembamba, ikatiwa chumvi na kushindiliwa kwenye mapipa, na humo bakteria wa asidi ya laktiki huifanya iwe na uchachu na kuiwezesha kudumu miezi mingi. Uyoga wa msituni huokotwa zaidi mwezi wa Septemba na Oktoba, ukakatwa vipande, ukakaushwa na mara nyingine kutungwa kwenye uzi kama shanga. Usiku wa tarehe 24 Desemba, ambao Wapolandi huuita Wigilia, meza ya desturi haina nyama, kwa hiyo akiba hizi mbili hukutanishwa ndani ya pierogi, au ndani ya ndugu zao wadogo waitwao uszka, ambao huelea kwenye supu nyekundu ya bitiruti iitwayo barszcz.

Kwa watu wanne hadi watano ninachukua gramu 700 za kabichi iliyochachushwa. Kwanza ninaionja. Ikiwa uchachu wake unauma ulimi, ninaisuuza mara moja kwa maji baridi. Ikiwa ni wa wastani siisuuzi kabisa, kwa sababu ladha yote imo katika maji yale yale yanayomwagwa. Kisha ninaikamua kwa mikono, ninaikatakata na kuichemsha kwa maji kidogo kwa dakika 45 au zaidi. Muda huo humshangaza aliyezoea kabichi mbichi inayolainika upesi, lakini asidi huzizuia kuta za mboga zisilainike, hivyo kabichi chachu hubaki ngumu hata baada ya kuchemka sana. Ndiyo sababu sishauri kununua ile iliyotiwa siki badala ya kuachwa ichache yenyewe: uchachu wake ni mkali wa upande mmoja, na hauna ule undani unaoifanya kabichi ya pipa ivumilie uyoga.

Uyoga mkavu gramu 40 zinatosha. Ninauloweka usiku kucha, ninauchemsha katika maji yale yale mpaka ulainike, kisha ninayachuja maji hayo kwa kitambaa kwa sababu mchanga hautulii wote chini ya bakuli. Maji ya uyoga hayatupwi. Ninayamimina kwenye kabichi inapokaribia kuiva na kuyaacha yakauke humo, ili ladha ibaki na maji yaondoke. Hapo ndipo ninapoongeza vitunguu viwili vilivyokaangwa polepole mpaka viwe na rangi ya dhahabu iliyokolea, uyoga uliokatwa vipande vidogo, pilipili manga na chumvi kidogo, nikiendelea kukaanga yote katika kikaango kipana. Kipimo changu ni kuburuta mwiko katikati ya kikaango: njia inayofunguka ikijazwa na majimaji yanayorudi, bado, ikibaki wazi na kung'aa kwa mafuta tu, imekwisha. Baada ya hapo mchanganyiko upoe kabisa, kwa kuwa ukiwa na joto hutoa mvuke unaolilowesha donge kwa ndani kabla halijafika kwenye sufuria.

Kuhusu donge lenyewe, ninachanganya gramu 500 za unga mweupe wa ngano na nusu kijiko cha chai cha chumvi, vijiko viwili vya mafuta na takriban mililita 250 za maji ya moto sana, nikikoroga kwanza kwa mwiko, kisha nikikanda kwa mikono joto linapostahimilika. Maji ya moto huifanya wanga ya unga inywe maji mengi na hupunguza nguvu ya gluteni, ile protini ya ngano inayolifanya donge livutike, hivyo donge huwa laini na halirudi nyuma linaposukumwa. Wapo wanaotia yai, na sibishani nao, ila donge lenye yai huwa na ukakamavu ambao mimi siupendi. Lifunikwe na kupumzika kwa nusu saa, kisha lisukumwe hadi unene wa milimita 2 na kukatwa miduara kwa glasi yenye upana wa sentimita 7 hivi.

Kijiko kimoja cha chai kilichojaa kinatosha kwa kila mduara. Hapa kasi haisaidii. Ukiukunja mduara, bana kwanza katikati, kisha nenda pembeni ukisukuma hewa itoke, kwa kuwa hewa iliyofungiwa hutanuka kwenye maji ya moto na kupasua mshono. Uzi mmoja tu wa kabichi ukitokeza ukingoni, pierogi hiyo itafunguka, hata ukiirembesha vipi kwa uma. Ukingo ukikauka, upake maji kwa ncha ya kidole. Usipake mafuta, kwani yatauzuia usishikane.

Zichemshwe katika sufuria pana yenye maji mengi ya chumvi, chache kwa wakati mmoja, zikigeuzwa taratibu zisigande chini. Zikipanda juu, moto upunguzwe na ziachwe dakika 2 hadi 3, kisha ziopolewe na kupakwa mafuta au siagi papo hapo ili zisishikamane.

Msomaji wa Mombasa au Dar es Salaam anaweza kuchachusha kabichi yake mwenyewe kwa gramu 20 za chumvi kwa kila kilo, akiishindilia mpaka maji yake yenyewe yaifunike. Aelewe tu kwamba joto la pwani huharakisha kazi na kuilainisha kabichi mapema, kwa hiyo aanze kuionja baada ya siku chache na kuihamishia kwenye friji uchachu unapomridhisha. Asiyetaka usumbufu huo atumie viazi vya unga, vile vinavyovunjika vikiiva, ambavyo sokoni Polandi huwekwa katika aina C. Baada ya kumwaga maji, avirudishe kwenye moto mdogo mpaka mvuke ukome, avisage, kisha achanganye na jibini laini ya maziwa mgando iliyokamuliwa vizuri pamoja na vitunguu vya kukaanga. Hizo ndizo pierogi ruskie, na kwa mtu anayejifunza ni rahisi kuliko za kabichi.

Za kabichi ninazipakua na vitunguu vilivyokaangwa kwa siagi, bila krimu, kwa kuwa uchachu umeshatosha ndani. Zilizobaki ninazikaanga kesho yake mpaka ngozi ishike rangi. Za kugandisha hutandazwa kwanza kwenye sinia zisigusane, zikishakuwa ngumu ndipo huingizwa kwenye mfuko, na siku ya kuzipika huingia kwenye maji yanayochemka moja kwa moja bila kuyeyushwa.