Je, wajua kwa nini mjamzito asiyeumwa popote hupimwa presha na mkojo kila aendapo kliniki?

Asubuhi ya mwezi wa saba jijini Mbeya, baridi inapopenya hadi kwenye mifupa, benchi la kliniki ya wajawazito hujaa akina mama waliojifunga vitenge juu ya masweta mazito. Wengi wao hawaumwi kitu: mtoto anacheza tumboni, chakula kinapita, usingizi upo. Hata hivyo kila mmoja hufungwa mkono kwa mashine ya presha na kupewa kikopo cha mkojo, na aliyefanyiwa hivyo mwezi uliopita hufanyiwa tena yale yale. Wapo wanaoona kwamba wanapotezewa muda. Ukweli ni kwamba ugonjwa unaotafutwa hapo hauna maumivu mwanzoni, na mara nyingi siku unapoanza kuumiza huwa umekwisha kufika kwenye figo, ini au ubongo.

Presha ya mjamzito huhesabiwa kuwa imepanda inapofika 140 kwa 90 au zaidi, hata kama ni namba moja tu kati ya hizo mbili iliyovuka, na hali hiyo ikathibitishwa kwa kipimo kingine baada ya saa nne au zaidi. Ikifika 160 kwa 110 ni dharura, na hakuna wa kusubiri saa nne kabla ya kumtibu mama. Iliyoonekana kabla ya wiki ya 20 kwa kawaida ni presha aliyokuwa nayo hata kabla ya kushika mimba, ajue asijue. Inayojitokeza baada ya hapo huitwa presha ya mimba. Ikiambatana na protini kwenye mkojo, au na dalili kwamba figo, ini, ubongo au chembe sahani (zile zinazogandisha damu) zimeathirika, huitwa priklampsia. Mama akifikia kupata degedege, hapo ndipo tunaposema kifafa cha mimba, ambacho licha ya jina lake si ule ugonjwa wa kifafa tunaoufahamu.

Chanzo kiko kwenye kondo la nyuma. Katika mimba ya kawaida, chembe za kondo hujipenyeza ndani ya ukuta wa mji wa mimba na kuitanua mishipa midogo ya damu iliyojisokota humo, mpaka ile iliyokuwa myembamba iwe mipana na milegevu, ipitishe damu nyingi kwa utulivu. Kwa baadhi ya akina mama kazi hiyo huishia njiani. Mishipa hubaki imebana, kondo hupata damu kidogo kuliko linavyohitaji, nalo humwaga kwenye damu ya mama protini zinazonasa vichocheo vinavyotunza utando wa ndani wa mishipa yake. Utando ukishachakaa, mishipa hubana mwili mzima na presha hupanda, figo huanza kuvujisha protini, na maji hutoka kwenye mishipa yakakaa usoni na mikononi. Ushahidi ulio wazi kwamba kosa ni la kondo wala si la mtoto ni mimba zabibu: mara nyingi humo hamna mtoto kabisa, kuna tishu za kondo tu zilizovimba kama kichala, na bado priklampsia huweza kutokea, tena hata kabla ya wiki ya 20.

Msomaji wa Njombe au Makete anaweza kuuliza kama milima yetu ina lawama. Tafiti za Colorado nchini Marekani na za Bolivia zimeonyesha kwamba priklampsia huwapata zaidi wanaoishi juu sana, aghalabu zaidi ya mita 2,500 kutoka usawa wa bahari. Jiji la Mbeya liko kwenye mita 1,700 hivi na mji wa Njombe karibu mita 2,000, kwa hiyo mwinuko si wa kulaumiwa kwanza. Wanaopaswa kuangaliwa kwa karibu zaidi ni wenye mimba ya kwanza, wenye mapacha, waliowahi kuugua hivyo, na wenye kisukari, ugonjwa wa figo, unene uliozidi au umri uliovuka miaka 35.

Baridi, kwa upande wake, huingia kwa mlango mwingine. Mama aliyepanda kilima kwa miguu kuja kliniki anatakiwa apumzike dakika tano, awe amekwisha kukojoa, aegemee kiti bila kupishanisha miguu, na mkono wake ulale mezani usawa wa moyo. Na sweta livuliwe. Kufunga kitambaa cha mashine juu ya sweta la sufu, au kulikunja sweta hadi libane mkono kama kamba, huharibu namba zinazosomeka. Kwa maoni yangu hili ni kosa dogo ambalo halisemwi vya kutosha katika mikoa yetu, ilhali kuvua nguo moja huchukua nusu dakika.

Mkojo nao una namna yake, na unaofaa ni ule wa katikati, baada ya wa kwanza kumwagwa. Kijiti cha kupimia kina kipande cha njano ambacho hugeuka kijani pakiwa na protini, na kijani kikizidi kukolea ndivyo protini ilivyo nyingi. Pasipo na vijiti, mkojo huweza kuchemshwa ndani ya mrija wa kioo: wenye protini hufanya ukungu mweupe ambao hauondoki hata ukidondoshewa asidi ya siki, kwa sababu ile ile inayofanya ute wa yai ugande unapokutana na maji ya moto.

Kuvimba miguu jioni ni jambo la kawaida kwa wajawazito wengi, na peke yake hakuthibitishi chochote. Kunakotia shaka ni kuvimba kwa ghafla usoni na kwenye vidole hadi pete ikatae kutoka. Zaidi ya hapo, kichwa kinachouma bila kutulia kwa dawa za kawaida, macho kuona ukungu au vimulimuli, maumivu chini ya chembe ya moyo au ubavu wa kulia juu, na kuhema kwa shida, yote hayo hayangoji tarehe iliyoandikwa kwenye kadi. Maumivu ya chembe ndiyo yanayodanganya zaidi, kwa kuwa mama huyaita kiungulia akanywa maziwa na kulala.

Akianguka degedege nyumbani, alazwe kwa ubavu wa kushoto, vitu vigumu viondolewe karibu naye, na mtu yeyote asimtie kijiko mdomoni. Wapo wanaosema ni mashetani na kuanza kwa kufukiza. Saa inayoishia kwenye moshi huo ndiyo aliyoihitaji njiani. Namba 115, isiyotozwa malipo, ni ya mfumo wa m-mama unaotafuta gari la kumpeleka mama kwenye rufaa. Kabla ya safari, zahanati au kituo cha afya humpa dozi ya kwanza ya magnesiamu salfeti: kwa utaratibu unaotumika sana, gramu 4 polepole kwenye mshipa na gramu 10 kwenye misuli ya makalio, nusu kila upande. Utafiti uliochapishwa mwaka 2002, uliohusisha zaidi ya wanawake 10,000 katika nchi 33, ulionyesha kwamba dawa hiyo hupunguza kwa zaidi ya nusu uwezekano wa mwenye priklampsia kupata degedege. Inapozidi mwilini hulegeza pumzi, ndiyo maana muuguzi humgonga mama goti kuona kama mguu unaruka, akahesabu pumzi na kupima wingi wa mkojo kila saa.

Presha yenyewe hushushwa kwa methaildopa, nifedipini, labetaloli au haidralazini. Tiba inayokata mzizi ni moja, nayo ni kondo kutoka. Kwa hiyo kazi ya daktari, iwe kwenye kitengo cha wazazi cha Meta jijini Mbeya au katika hospitali ya mkoa ya Iringa, ni kupima siku: mimba ikitimiza wiki 37 mwenye priklampsia huanzishiwa uchungu, na hali ikiwa mbaya huzalishwa mapema zaidi, mtoto akiwa ametangulizwa sindano za kukomaza mapafu kupitia kwa mama.

Kuzuia kunawezekana kwa sehemu. Mwenye hatari kubwa huandikiwa aspirini ya kiwango kidogo tangu wiki ya 12 hivi, na pale ambapo chakula kina kalsiamu haba, vidonge vya kalsiamu husaidia. Matokeo ya mwaka 2024 kutoka Dar es Salaam na India yalionyesha kwamba miligramu 500 kwa siku hazikuachwa nyuma na 1,500 katika kuzuia priklampsia. Kumnyima mjamzito chumvi, ushauri ambao bado unatolewa kwa moyo mwema, hakujathibitika kuzuia ugonjwa huu.

Baada ya kujifungua watu hupumua, na hapo ndipo wanapowahi mno. Presha huwa juu zaidi kati ya siku ya tatu na ya sita, wakati mama yuko nyumbani amefunikwa, anakunywa uji, na kichwa kinachomuuma kinaitwa uchovu wa kukosa usingizi. Kifafa cha mimba huweza kuja hata katika siku hizo, ndiyo sababu ya kurudi kliniki siku ya saba na dawa kutokukatishwa bila kuulizwa. Asishangae zikibadilishwa: enalaprili, ambayo mjamzito hukatazwa kwa kuwa hudhuru figo za mtoto aliye tumboni, huweza kuandikiwa mama huyo huyo akiwa ananyonyesha.