Skrini nyeusi sio kifo jamani

Nimeletewa tena filamu ya majaribio kuhusu kifo, na tena mhusika akikata roho tu skrini inakuwa nyeusi tii, halafu mwongozaji ananiambia hapo ndo fahamu imezimika. Imezimika ya nani? Mtazamaji yuko macho, anasikia kiti kinalia, anasikia pumzi zake, anajiuliza kama projekta imekufa, yaani hilo giza limemfanya ajitambue kuliko muda wote aliokaa pale.

Na giza sio geni kwenye sinema. Projekta ya mkanda ina shata inayoziba mwanga kila fremu, yaani kila picha moja ya mkanda, inapobadilishwa, fremu 24 kwa sekunde, kwa hiyo karibu nusu ya muda watu wamekaa gizani na hawajui, ubongo unaziunganisha picha wenyewe. Sasa kitu walichokuwa nacho tangu mwanzo unawaambiaje ndo mwisho wa kila kitu?

Angalia Enter the Void ya Gaspar Noé, 2009. Kamera ni macho ya mhusika, na akiwa hai skrini inapiga giza fupifupi kama kope zinavyopepesa. Akishapigwa risasi kamera inatoka mwilini, inaelea juu ya Tokyo, inatazama tu. Giza pale ni la mtu aliye hai! Derek Jarman naye, UKIMWI ukiwa unampofusha, mwaka 1993 alitoa Blue, dakika 79 za bluu tupu isiyobadilika, sauti ndo imebeba kila kitu, mwaka uliofuata akafariki. Stan Brakhage mwaka 1971 akaenda upande mwingine kabisa, akapiga filamu ya uchunguzi wa maiti kwenye mochwari ya Pittsburgh, picha bila sauti hata chembe. Mmoja kaondoa picha, mwingine sauti, ila wote wamekuachia kitu cha kushika.

Kuonyesha kutokuwepo kwa fahamu kwenyewe, kusema ukweli sijui kama kunawezekana, maana anayetazama lazima awe nayo. Mimi huwa nakata sauti kwanza, picha naiacha iendelee kidogo, na kuna watu inawagusa, kuna wengine wanadhani spika zimegoma, na bado sijajua tofauti inatoka wapi.

Kwa hiyo ukinitumia kazi usinieleze giza lako lina maana gani, niambie sauti umeikata kwenye fremu ipi na kwanini hapo.